Utamu wa Pipa la Mwaka Huu

Hartcleugh, kaskazini
Jumapili, 15 Novemba 1874

Dada yangu Thirza,

Shikamoo, na umfikishie Baba shikamoo yake kabla hajakaa mezani, maana akishakaa hasikii tena. Mimi ni mzima kwa kadiri mtu anavyoweza kuwa mzima mahali hapa. Mgongo unauma, miguu inauma, lakini nakula na usingizi naupata. Mbusu Loveday, umwambie mjomba wake hajasahau kwamba ametimiza miaka saba.

Uliniuliza nafanya kazi gani. Tunayeyusha risasi. Si ya bunduki, ni ile metali yenyewe, inachimbwa mlimani na kuletwa kwetu ikiwa mawe. Tunaipika mpaka inatiririka kama maziwa. Mimi nasukuma mkokoteni hadi kwenye tanuri, na tanuri likipoa naingia ndani ya dohani kukwangua masizi. Ukitoka humo unatema kijivu siku nzima. Walinichukua kwa sababu niliwaambia nimewahi kushika risasi kwenye paa la kanisa letu, basi wakaona ninajua kitu.

Tunalala watu tisa kwa vitanda vitano, hesabu mwenyewe. Mwenzangu wa kitanda ni mzee anaitwa Nattrass, amekaa tanurini miaka arobaini. Mikono yake yote miwili imelegea kwenye vifundo, viganja vinaning'inia kama glavu zilizoanikwa. Kijiko anakibana kwa mikono miwili. Siku ya kwanza aliniona namkodolea macho, akasema, "Usiogope, kijana, haiambukizi. Inataka miaka arobaini na ujinga kidogo."

Baridi ya huku si ile yetu ya Devon. Ya kwetu inakulowesha, hii inakukata. Jioni tukirudi tunakaa tukitazama moto na hakuna mtu anayezungumza, na mimi nawaza kile kikombe chako cha pombe ya moto. Miaka yote nilikuwa nakinywa tu, sikuwahi kutazama unakitengenezaje. Niandikie, hatua kwa hatua, kama unavyomwandikia mjinga.

Je, hori la kukamulia matufaha linashika? Lile bati nililolipigilia kwenye ufa kabla sijaondoka, linavuja? Huwa nalifikiria.

Habari za kijiji si lazima uzijaze kwenye karatasi. Za nyumbani zinanitosha.

Mdogo wako,
Reuben


Ashmoor, Devon
29 Novemba 1874

Mdogo wangu Reuben,

Marahaba. Barua yako ilifika Jumanne na nimeshaisoma mara tatu, mara moja kwa Baba, mara moja kwa Loveday, na moja kwa ajili yangu. Loveday anauliza kama risasi ikitiririka kama maziwa inaganda kama siagi. Kuku wawili wamechukuliwa na mbweha. Mimi sijambo. Ujane nimeuzoea kama buti la zamani, haubani tena, ila unaingiza maji.

Haya, sikiliza. Chukua pombe ya matufaha vikombe vinne. Iweke juu ya moto mdogo na usiiache ichemke, maana ikichemka nguvu yote inapanda darini na wewe unabaki na maji ya matunda. Tupia karafuu tano, mdalasini ukiupata, na tangawizi uliyoiponda. Choma tufaha moja kwenye majivu mpaka ngozi ipasuke, ulidumbukize zima. Asali kijiko kimoja. Ikishatoka motoni ndipo utie ramu, na usipime kwa jicho la Baba. Mwisho kabisa, chukua chuma cha kuchochea moto kikiwa chekundu, ukichovye mara moja. Kikilia, tayari.

Lakini mwaka huu asali siweki. Tangu nizaliwe sijaonja pombe yetu ikiwa tamu hivi. Unaijua ya kila mwaka, inakunja uso. Mapipa yalichelewa kutoka kwa fundi, kwa hiyo maji ya matufaha yalilala horini siku mbili, na Baba anasema labda ndiyo siri yenyewe. Jirani Hannaford alionja akasema, "Amos, hapa umetia sukari." Baba akamjibu, "Sukari niitoe wapi, na nina binti anayekunywa chai?" Tumempa mtungi mmoja akanyamaze nao.

Bati linashika. Katikati ya Oktoba msumari ulichomoka na kona ikanyanyuka. Baba aliingia bandani na nyundo, akanikataza nisimfuate. Alikaa humo muda mrefu kuliko kazi yenyewe. Akatoka, na chakula hakukigusa. Tangu siku ile hajaenda kanisani kupiga kengele. Miaka thelathini hajakosa Jumapili hata moja, sasa anasema kamba imekuwa nzito.

Nadhani ni tumbo. Linamsokota, choo kimefunga, na uso umekuwa rangi ya mshumaa. Kila jioni nampa kikombe cha moto, tena kikubwa, na ndicho kitu pekee kinachomtuliza. Loveday naye nampa robo kikombe bila ramu, alale.

Umesema habari za kijiji nisiziandike, lakini hii utaitaka kwa kuwa mlifanya kazi pamoja. Eli Pook amefungwa miezi sita Exeter kwa ile risasi iliyopotea kwenye paa la kanisa. Anaapa si yeye. Susan anafua nguo za watu huku ana watoto wanne na wa tano tumboni.

Nakutumia mtungi wa pombe kwa treni, nimeuzungushia majani. Uwape na wenzako, usije ukaunywa chini ya blanketi.

Dada yako,
Thirza


Hartcleugh
20 Desemba 1874

Dada Thirza,

Shikamoo. Theluji imefika magotini. Mtu mmoja wa hapa, Mskoti, amepoteza vidole viwili kwa mkokoteni. Mimi nipo.

Mtungi umefika mzima, ahsante. Nilifanya kama ulivyoagiza, isipokuwa mdalasini haukupatikana, na ramu niliipata kwa mwenye nyumba baada ya kumbembeleza sana. Kilipolia kile chuma wenzangu wote wanane walisogea. Watu ambao hawajaongea tangu Oktoba walianza kuongea. Mskoti alikishika kikombe kwa mkono wake uliofungwa kitambaa akasema, "Dada yako ameolewa?" Nikamwambia ni mjane. Akasema, "Mwambie nina vidole vinane na sina mke."

Mzee Nattrass alionja funda moja akalitema motoni. Akaniuliza maswali mawili matatu. Ni mzee tu, ana maneno mengi.

Dada, hiyo pombe ya mwaka huu msiinywe. Wewe, Baba, Loveday, wote. Nunueni bia kwa Hannaford. Imeharibika. Nimefanya kazi na watu wanaojua mambo haya, na wanasema ikiwa tamu hivyo imeharibika. Kama Baba hataki kuimwaga, basi ikae tu kwenye mapipa mpaka nije.

Usiniulize zaidi. Fanya hivyo tu.

Krismasi njema.
Reuben


Ashmoor
3 Januari 1875

Mdogo wangu,

Marahaba. Heri ya mwaka. Njia zilifungwa na theluji, barua yako imetufikia siku ya mwisho wa mwaka. Mskoti mwambie vidole vinane vinatosha, lakini sitahamia kaskazini.

Sasa wewe. Nilipoisoma ile sehemu ya pombe nilicheka mpaka Loveday akaniuliza kuna nini. Umejiunga na wale walioapa kuacha pombe, ndiyo habari yenyewe? Wamekuwekea mkono kichwani wakakutia utepe kwenye koti? Ungesema tu, Reuben, nisingekucheka sana. Lakini usituletee sisi kiapo chako kwa njia ya kuzunguka. Imeharibika nini? Ni pombe bora kuliko zote tulizowahi kukamua, na mapipa matano si kitu cha kumwagwa kwa barua ya mistari minne isiyo na sababu.

Baba nilimsomea. Yeye hakucheka. Alisema, "Mwache. Kijana ana jambo lake moyoni." Nikamwambia, "Basi tuache kunywa, Baba, kumridhisha." Akasema, "Tukiacha, watu watauliza kwa nini." Akanisogezea kikombe nimjazie.

Tumbo lake halijapona. Usiku wa Krismasi alijikunja sakafuni kama mtoto, nikamshika kichwa. Analilia kikombe cha moto, nimnyime kwa jinsi gani? Hata mimi siku hizi tumbo linanikamata asubuhi.

Susan Pook amejifungua, mtoto hakuishi. Hilo nalo hukuligusa kwenye barua yako, la Eli. Nilidhani mlikuwa marafiki.

Kama kuna sababu, niandikie sababu.

Thirza


Ashmoor
18 Januari 1875

Reuben,

Hujajibu. Naandika tena bila kungoja zamu yangu.

Juzi Jumamosi tulikwenda kuiimbia miti ya matufaha ili izae vizuri. Nilitengeneza kikombe kikubwa cha mikono miwili, kile cha Bibi, nikakipeleka shambani kikiwa bado kinafuka mvuke na tufaha la kuchoma linaelea. Watu kama ishirini, na Hannaford na bunduki yake ya ndege. Mkate uliolowekwa ulishawekwa kwenye tawi. Baba alivaa koti jeusi, akasimama mbele ya ule mti mkongwe kama kila mwaka, maana mwenye shamba ndiye anayeumwagia wa kwanza. Nikampa kikombe.

Vidole havikushika. Viganja vilianguka kutoka kwenye vifundo kama mlango uliotoka bawaba, na kikombe kikamwagikia buti zake. Watu wakacheka, wakidhani amelewa. Hannaford akasema, "Amos, mti ndio una kiu, si viatu." Baba naye akacheka. Kisha akainama kukiokota, akakisukuma, akajaribu tena, kikateleza. Wakaacha kucheka mmoja mmoja. Hakuna aliyejua atazame wapi. Loveday ndiye aliyekiokota, akaumwagia mti kwa niaba ya babu yake, akanywa kilichobaki chini, kama desturi inavyotaka. Hannaford akapiga bunduki mapema kuliko kawaida na tukarudi nyumbani.

Leo nimeitoa barua yako ya Novemba nikasoma tena habari za yule mzee Nattrass. Ni kama unamwelezea Baba. Lakini Baba hajakaribia tanuri la risasi maisha yake yote.

Daktari wa mjini amekuja, amesema ni baridi yabisi, apewe vitu vya moto. Nampa vitu vya moto.

Unajua kitu, Reuben. Nakufahamu tangu unanyonya. Kiseme.

Thirza


Hartcleugh
24 Januari 1875

Dada Thirza,

Leo sisalimii. Kabla hujaendelea kusoma, mnyang'anye Baba kikombe, na Loveday. Kisha kaa chini.

Lile bati kwenye hori ni risasi. Ni ile ya kanisa. Tulipoteremsha mabamba ya zamani nililiviringisha moja, nikalificha kwenye majani ya mkokoteni wetu na kulileta nyumbani. Hori lilikuwa limepasuka, msimu umefika, na Baba alikuwa anatembea kulizunguka kila siku bila kusema kitu. Nikamwambia ni bati nililonunua kwa fundi. Sikuiba kwa njaa wala kwa kiu. Niliona mabamba mengi, nikadhani moja likipungua hakuna atakayejua. Walipohesabu wakamkamata Eli, kwa kuwa Eli anakunywa na tayari alikuwa na kesi ya kuwinda sungura wa watu. Nilimtazama akipandishwa kwenye gari. Wiki iliyofuata nikaja huku.

Sasa la pili, ambalo sikulijua wakati ule, naapa. Siku ya mtungi mzee Nattrass alipotema, mazungumzo yalikuwa hivi. Aliniuliza, "Nani ametia sukari?" Nikasema hakuna. Akasema, "Sukari hii naijua mimi. Risasi ikikaa kwenye kitu kikali kama siki inatoa utamu. Tukiwa watoto tulikuwa tunalamba. Hori lenu lina nini ndani?" Nikamwambia ni mbao. Akasema, "Sawa, ni mbao. Basi waandikie wenye mbao hizo waache kunywa, kabla hawajapata mikono kama yangu. Mimi niliivuta pumzi miaka arobaini. Wao wanaimeza."

Mtungi nikaumwaga siku hiyohiyo. Nikakuandikia ile mistari minne. Nilijua tangu siku ile, dada. Nilidhani nitaweza kukuambia nusu na nusu hiyo itatosha. Barua yako ya kuniuliza kama nimeapa kuacha pombe ilifika, na mimi nikaona afadhali uamini hivyo. Nimeandika barua hii mara tatu kabla ya leo nikaitupa motoni.

Wafunue midomo mkiwa dirishani. Tazama ufizi, pale unapokutana na meno. Ukiona mstari wa buluu, kama wa wino, ndiyo hiyo. Wapeni maziwa. Mwaga mapipa yote matano, mbali na kisima. Mwambie na Hannaford kuhusu ule mtungi.

Telegramu ingefika kesho, najua. Lakini karani wa posta ya Ashmoor ndiye angeiandika kwa mkono wake, naye ni shemeji yake Hannaford, na kabla ya jioni kijiji kizima kingejua ya kanisa. Kwa hiyo nimechagua barua. Nakuandikia hata hilo, ili usije ukanifikiria vizuri kuliko nilivyo.

Reuben


Ashmoor
14 Februari 1875

Reuben,

Baba amefariki Jumatano, tarehe tatu. Siku mbili za mwisho alikuwa na kifafa, hakutujua. Jumanne jioni alipata nafuu kidogo akaomba kikombe chake. Nilimchomea tufaha, nikamtilia karafuu, nikamshikia mwenyewe mdomoni kwa sababu mikono haikuweza. Alikimaliza chote. Akasema, "Tamu."

Barua yako ilifika Jumamosi, tarehe sita, siku tuliyomzika. Theluji ilikuwa imefunga reli kule kwenu. Niliisoma nikiwa nimesimama jikoni na watu wamejaa nyumbani, na kila mmoja ana kikombe mkononi, maana nilikuwa nimewatengenezea cha moto kwa ajili ya baridi ya makaburini. Nilivikusanya kimoja kimoja. Nikawaambia panya ameingia kwenye pipa. Hannaford alisema ametupa ule mtungi tangu Krismasi, ulikuwa mtamu mno kwake. Huyo ana bahati ya kupenda vitu vichungu.

Uliogopa karani wa posta.

Mapipa nimeyamwaga mwenyewe, chini kabisa bondeni. Kisha nikaenda bandani kuling'oa lile bamba. Nikaligeuza. Upande wa chini, ule ulioulalia ubao, kuna alama ya kiatu iliyochorwa kwa msumari, na ndani yake A. L. 1836. Unakumbuka Baba alivyokuwa akisimulia kwamba alipokuwa kijana alisaidia kuezeka kanisa, na kila fundi alichora kiatu chake kwenye paa ili Mungu amwone kutoka juu? Nilichukua buti lake nikaliweka juu ya ile alama. Kiatu cha kwenye bamba ni kidogo zaidi, cha mtu wa miaka kumi na minane. Lakini ule upinde wa kidole gumba ni wake.

Sasa rudi kwenye barua yangu ya Novemba, siku aliyoinua kona na nyundo. Alikiona kiatu chake mwenyewe, Reuben. Alijua limetoka wapi na nani amelileta. Ndiyo maana aliacha kupiga kengele. Ndiyo maana alisema tukiacha kunywa watu watauliza. Hakujua ni sumu. Alijua ni wizi tu, na alikuwa anakunywa mbele za watu ili mtu yeyote asilitazame lile hori mara mbili. Wiki moja kabla hajafa aliniambia, "Lile bati usiligeuze mpaka nizikwe." Nilidhani ni homa.

Nimemtazama ufizi kabla hawajafunga jeneza? Hapana, barua ilichelewa kwa hilo pia. Nimejitazama wangu kwenye kioo. Mstari upo, mzito. Loveday anao juu ya meno mawili ya mbele, mwembamba kama uzi. Nampa maziwa. Kila asubuhi nampeleka dirishani, namwambia afungue, naye anafungua bila kuuliza.

Bamba nimelifunika kwa magunia ya viazi. Nikilirudisha, jina lililo juu yake ni la Baba, na watasema mwizi ni yeye. Nikilificha, Eli anabaki ndani. Susan alikuja mazikoni na mkate aliouoka yeye, na watoto wake hawana mkate. Aliniambia, "Pole, Thirza, baba yako alikuwa mtu mnyofu." Nikaupokea mkate.

Sitakushtaki mimi. Lakini mwisho wa mwezi huu nitakwenda kwa Susan na nitamwambia kila kitu, uwe umefika au hujafika. Barua zako sizitaki tena. Ninataka uje.

Thirza


Exeter
26 Februari 1875

Dada Thirza,

Shikamoo, hata kama huitaki.

Umesema barua huzitaki, lakini hii inabidi, maana sitafika nyumbani. Nimeshuka kwenye treni asubuhi na nikasimama stesheni kama saa nzima. Gari la Ashmoor lilikuwepo, farasi wameshafungwa. Nilijua nikipanda, nitaingia jikoni, utakuwa na hasira, lakini utaniona nilivyokonda na kwa mazoea tu utaweka kitu motoni. Nitakaa. Na nikishakaa sitainuka. Kwa hiyo nimekwenda moja kwa moja kwa hakimu.

Nimesema yote. Bamba, mkokoteni, mahali nilipolificha, na kwamba Baba hakujua mpaka lilipokwisha kupigiliwa. Kiatu nimewaeleza, na mwaka, ili wakija kulichukua wasilete neno lao juu ya jina lake. Niliwaomba wamwandike kama mmoja wa walioezeka. Karani wao aliniuliza ninajua kusoma, nikasema kidogo, akanisomea niliyosema nikaweka sahihi. Kuhusu pombe hakuna aliyeniuliza. Nilijaribu kueleza, hakimu akasema hilo si kosa mbele ya sheria. Nikamwambia najua.

Eli atatolewa karatasi zikisainiwa, wamesema kabla ya Jumapili. Nilimwona akipitishwa uani. Amepungua sana. Alinitambua, akaninyooshea mkono kunisalimia, akidhani nimekuja kumtembelea. Wakaendelea kumpeleka.

Ukiweza, mpelekee Susan ile ngano iliyokuwa ya Baba. Hori lichome, hata ubao wenyewe, umelowa.

Mzee Nattrass alinisindikiza mpaka njia panda. Aliniambia kwamba kwa mtoto, akiacha mapema, mstari huwa unafifia. Hakusema kwa muda gani, na nilipomuuliza akatazama mikono yake.

Humu gerezani wanaturuhusu barua moja kwa mwezi. Sikuombi habari, wala salamu, wala uniite mdogo wako. Mpeleke Loveday dirishani kama unavyompeleka, na mwisho wa mwezi uniandikie rangi tu. Neno moja linatosha.

Reuben